Mnyonge Mnyongeni: Ungamo, Kamusi na Sheria katika Kisa cha Mathagi wa India

Utangulizi

Kanuni ya Adhabu ya India ya mwaka 1860 ilikuwa na kifungu kimoja kisichofanana na vingine. Vifungu vingi vya sheria ya jinai hueleza kitendo: kuiba, kujeruhi, kuua. Kifungu cha 310 kilieleza mtu. Kilisema kwamba yeyote ambaye, baada ya sheria hiyo kupitishwa, amekuwa na mazoea ya kushirikiana na wengine kwa nia ya kupora au kuiba watoto kwa njia ya mauaji, basi mtu huyo ni thagi. Kifungu cha 311 kikatoa adhabu: kuhamishwa ng'ambo kwa maisha yote, pamoja na faini. Sheria hiyo ilianza kutumika tarehe 1 Januari 1862, na thagi akabaki ndani yake hadi tarehe 1 Julai 2024, India ilipoanza kutumia kanuni mpya isiyomtaja tena.

Kisa hiki si cha India peke yake. Agizo la Kifalme la mwaka 1897 lilizileta sheria za India katika himaya ya Uingereza ya Afrika Mashariki, na Kanuni ya Adhabu ya India ikatumika nchini Kenya hadi mwaka 1930 ilipochukuliwa na kanuni nyingine. Kwa zaidi ya miaka 30, kwa hiyo, jina lililotungiwa maana katika barabara za India ya kati lilikuwa sehemu ya sheria iliyotumika katika mahakama za Mombasa na Nairobi.

Makala haya yanachunguza namna jina hilo lilivyopata maana yake. Yanajikita katika matini za aina tatu zilizozaliwa na kampeni ya Waingereza dhidi ya mathagi katika miaka ya 1830: ungamo, kamusi na sheria. Hoja kuu ni kwamba unyang'anyi ulikuwepo na watu waliuawa, lakini yule 'thagi' tunayemjua, muuaji wa kuzaliwa mwenye dini yake na lugha yake, ni mhusika aliyesukwa ndani ya matini hizo. Msomi wa fasihi ana wajibu wa kuyashika mambo haya mawili kwa pamoja bila kuliachilia hata moja.

Mathagi walikuwa nani?

Neno thag katika Kihindi lina maana ya laghai, mtu anayedanganya. Kusini mwa India watu wa aina hiyo waliitwa phansigar, yaani watu wa kitanzi. Majina haya mawili yakiwekwa pamoja yanaeleza mbinu nzima: hadaa kwanza, kitanzi baadaye. Kundi la wanaume lilijifanya kuwa wasafiri wa kawaida, likajiunga na wasafiri wengine njiani, likala nao na kuzungumza nao kwa siku kadhaa hadi likaaminiwa. Mahali palipoteuliwa mapema, ishara ilitolewa, mara nyingi ikiwa ni maneno ya kawaida kabisa kama vile agizo la tumbako. Wasafiri walinyongwa kwa kitambaa, miili ikazikwa papo hapo, na mali ikagawanywa.

Kazi iligawanywa vilevile. Alikuwepo mshawishi aliyewavuta wasafiri kwa maneno matamu, mnyongaji, mshikaji wa mikono na mchimba kaburi. Mbinu hii ilitegemea hali maalumu ya nchi. Safari zilikuwa ndefu, za miguu, na za msimu baada ya mvua. Msafiri aliyepotea hangeulizwa kwa miezi mingi. Wahanga waliofaa zaidi walikuwa wale waliobeba fedha mbali na kwao: wafanyabiashara, wabebaji wa hazina za mabenki ya kienyeji, na askari wa Kihindi wa Kampuni ya India Mashariki waliokuwa wakienda likizoni na mishahara yao. Mwaka 1810 jeshi la Kampuni lilitoa amri ya kuwatahadharisha askari hao dhidi ya kuandamana na wasafiri wasiowajua.

Si kweli kwamba mathagi walizuka na ukoloni. Mwanahistoria Ziauddin Barani, aliyeandika katika karne ya 14, anasimulia kwamba Sultani Jalaluddin Khilji wa Delhi, aliyetawala kati ya 1290 na 1296, aliwakamata mathagi wapatao 1,000 na kuwasafirisha hadi Bengal badala ya kuwaua. Msafiri Mfaransa Jean de Thévenot, aliyefika India katika miaka ya 1660, naye aliandika juu ya wanyang'anyi waliotumia kitanzi katika barabara ya Delhi kwenda Agra. Hata hivyo, haijulikani kama watu hao wa nyakati mbalimbali walikuwa jamii moja yenye kurithishana kazi, au kama ni jina moja tu lililotumiwa kwa makundi tofauti. Kuunganisha jina na jina si sawa na kuunganisha damu na damu.

Linalojulikana vizuri zaidi ni mazingira ya mwanzo wa karne ya 19. Vita kati ya Kampuni na watawala wa Maratha vilimalizika mwaka 1818, na maelfu ya askari wa majeshi yaliyovunjwa wakabaki bila mshahara. Kodi ya ardhi iliwabana wakulima. Wakati huohuo biashara ya kasumba ilipitisha fedha nyingi katika njia za India ya kati. Baadhi ya wenye ardhi waliwapa wanyang'anyi hifadhi ili wapate fungu la nyara. Mwanahistoria Hiralal Gupta alidai mwaka 1959 kwamba utawala wa Waingereza wenyewe ndio uliochochea uthagi. Kim Wagner, katika utafiti wake wa mwaka 2007, anauona uthagi kuwa riziki ya msimu kwa baadhi ya watu wa vijijini, iliyofungamana na kilimo, uaskari na ulinzi wa mabwana wa ardhi. Thagi wa namna hii ni jirani wa mtu, si jini wa porini.

Ungamo na bei yake

Mtu aliyeligeuza jambo hili kuwa kampeni ya serikali ni William Henry Sleeman, ofisa wa Kampuni katika eneo la Sagar na Narmada. Katika miaka ya 1820 alikuwa hakimu wa wilaya ya Narsinghpur. Miaka mingi baadaye aliandika kwa fadhaa kwamba wakati huo kundi la mathagi liliishi katika kijiji kisichofika yadi 400 kutoka mahakama yake, naye hakuwa na habari. Fadhaa hiyo ni ufunguo wa mambo yaliyofuata. Dola iliyojigamba kuleta amani barabarani iligundua kwamba haikuwajua watu iliowatawala.

Dawa ya kutojua ikawa ungamo. Wahanga walikuwa wamekufa na kuzikwa, mashahidi hawakuwapo, na nyara zilikwisha kugawanywa. Sleeman na mkubwa wake, F. C. Smith, wakiungwa mkono na Gavana Mkuu William Bentinck, walitegemea washtakiwa waliokubali kugeuka kuwa mashahidi wa serikali. Masharti yalikuwa wazi: atakayeeleza kila kitu na kuwataja wenzake atasalimika na kitanzi, ingawa hataachiwa huru. Mashahidi hao walitembezwa na walinzi wakiwa katika minyororo, wakionyesha makaburi na kuwatambua watu.

Aliyejulikana zaidi miongoni mwao ni Feringhea, aliyetiwa mbaroni mwishoni mwa mwaka 1830, baada ya jamaa zake, akiwemo mama na mke, kushikwa na serikali. Aliwaongoza maofisa hadi kwenye kichaka ambamo maiti kadhaa zilifukuliwa. Tukio hilo ni muhimu kwa msomaji anayetaka kukana kila kitu: mifupa haikutungwa na mwandishi yeyote. Lakini pia ni muhimu kwa msomaji anayetaka kuamini kila kitu. Mtu anayezungumza huku mama yake yu mikononi mwa anayemuuliza si msimulizi huru. Anajua hadithi gani inatakiwa, na anajua pia malipo yake.

Sheria ilifuata njia iliyochongwa na ungamo. Sheria ya 30 ya mwaka 1836 iliamuru kwamba yeyote atakayethibitishwa kuwa aliwahi kuwa katika kundi la mathagi, kabla au baada ya sheria hiyo kutungwa, ndani au nje ya mipaka ya Kampuni, afungwe maisha pamoja na kazi ngumu. Haikuhitajika kuthibitisha kwamba alimuua fulani siku fulani mahali fulani. Uanachama ulitosha, na uanachama ulithibitishwa kwa kinywa cha shahidi aliyenunua uhai wake kwa kutaja majina.

Takwimu zinazonukuliwa kwa kawaida ni kwamba kati ya 1831 na 1837 watu 3,266 walishughulikiwa kama mathagi. Kati yao 412 walinyongwa na 483 wakawa mashahidi wa serikali. Wengi wa waliosalia walihamishwa ng'ambo au kufungwa maisha. Linalovutia macho ni kwamba mashahidi walikuwa wengi kuliko walionyongwa. Baadhi ya waliohukumiwa walichanjwa chale za wino usoni ili jina la kosa lao lisomwe na kila mtu. Hapo jina liliacha kuwa neno la kutamkwa tu. Likawa sehemu ya ngozi.

Kiswahili kina kitenzi kimoja tu kwa matendo mawili yanayosimuliwa hapa. Thagi alimnyonga msafiri. Serikali ikamnyonga thagi. Lugha inayotofautisha kwa maneno mawili kitendo cha mhalifu na kile cha hakimu humsaidia msomaji kusahau kwamba katika matukio yote mawili shingo ni ileile. Kutumia kitenzi kimoja si kusema kwamba matendo hayo yana uzito mmoja. Ni kumlazimu msomaji aulize haki ya kila moja.

Kamusi kama ushahidi

Mwaka huohuo wa 1836 Sleeman alichapisha huko Calcutta kitabu kiitwacho Ramaseeana. Sehemu yake kubwa ni kamusi ya lugha ya mathagi, aliyoiita Ramasee, pamoja na mazungumzo kati yake na mashahidi wa serikali. Kwa mwanafunzi wa isimu, kitabu hiki ni cha kustaajabisha. Kamusi kwa kawaida hutungwa ili watu waelewane. Hii ilitungwa ili watu wakamatwe.

Msamiati wenyewe una mvuto wa kutisha. Neno bunij, ambalo kwa kawaida ni bidhaa za biashara, lilimaanisha msafiri anayewindwa. Bele ni mahali palipochaguliwa kwa mauaji na maziko. Jhirni ni ile ishara ya kunyonga. Sotha ni mshawishi, bhurtote ni mnyongaji, na lugha ni mchimba makaburi, neno ambalo kwa bahati tu lafanana na neno la Kiswahili. Mtu anayemwita mwenzake bidhaa amekwisha kumwondolea utu kabla ya kuufungua mkono. Hapa kamusi inafichua ukweli mchungu juu ya uhusiano wa msimbo na maadili: istilahi za kazi huifanya kazi yoyote ionekane ya kawaida, hata ile isiyovumilika.

Hata hivyo, lazima kutofautisha msamiati na lugha. Maneno yaliyokusanywa na Sleeman ni majina ya vitu na shughuli za kundi, yaliyopachikwa katika sarufi ya lugha za kawaida za India ya kaskazini. Huo ni msimbo wa kazi, kama walivyo nao mabaharia, wavuvi na wachuuzi popote duniani. Sleeman aliuona kuwa lugha kamili, na kwa kuwa lugha huashiria taifa, lugha ya mathagi ikawa dalili kwamba ipo jamii ya mathagi. Aliandaa hata nasaba zao, akionyesha baba, mwana na mjukuu. Hatua kwa hatua, kundi la wahalifu likageuzwa kabila la wahalifu.

Dini nayo ilitumiwa vivyo hivyo. Mashahidi walieleza kuwa walimheshimu mungu wa kike Bhavani na kufuata dalili za ndege na wanyama kabla ya safari. Wengi wao walikuwa Waislamu, jambo lililomshangaza Sleeman, naye aliwauliza mara kwa mara wanawezaje kuchanganya mambo hayo. Kwa wakulima wa India ya kati, kuheshimu mahali patakatifu pa jirani halikuwa jambo geni, na mwizi anayeomba kabla ya kuondoka hafanyi zaidi ya yale yafanywayo na mkulima anayeomba kabla ya kupanda. Lakini katika matini za kikoloni, ibada hiyo iligeuka kuwa chanzo cha mauaji badala ya kuwa pambo la maisha ya wauaji. Fedha, njaa na fungu la mwenye ardhi vikafifia. Kafara ikabaki jukwaani.

Wanafunzi wa Kiswahili wanalo jambo la karibu la kulinganisha. Miongoni mwa nadharia kuhusu asili ya Sheng ipo ile inayodai kwamba ilianza kama msimbo wa wahalifu wa Nairobi. Nadharia hiyo inaweza kujadiliwa kwa vigezo vya isimujamii kama nadharia nyingine yoyote. Hatari huanza pale dai kuhusu asili ya maneno linapogeuzwa kuwa dai kuhusu tabia ya wazungumzaji, hadi kijana anayezungumza Sheng kituoni akaonekana mshukiwa kabla ya kutenda lolote. Hilo ni kosa lilelile la Ramaseeana, la kusoma kamusi kana kwamba ni hati ya mashtaka.

Kutoka ungamo hadi riwaya

Miaka mitatu baada ya Ramaseeana, mwaka 1839, Philip Meadows Taylor alichapisha riwaya ya Confessions of a Thug. Taylor alikuwa Mwingereza aliyeajiriwa katika utumishi wa Nizam wa Hyderabad. Msimulizi wake ni Ameer Ali, thagi aliyegeuka shahidi wa serikali, anayesimulia maisha yake kwa nafsi ya kwanza mbele ya ofisa Mzungu anayemwita Sahib. Tunasikia jinsi wazazi wake walivyouawa na mathagi akiwa mtoto, jinsi alivyolelewa na kiongozi wao bila kujua, na jinsi alivyokuja kuwa hodari kuliko walezi wake. Katika msiba wa mwisho anatambua kwamba miongoni mwa aliowaua alikuwemo dada yake mwenyewe.

Kiusimulizi, nguvu ya riwaya hii imo katika umbo lake. Umbo la ungamo humpa mhalifu sauti, lakini sauti hiyo haisafiri peke yake. Sahib ndiye anayeuliza, anayekatiza, anayeshtuka kwa niaba ya msomaji na anayeandika. Ameer Ali anaruhusiwa kusema mengi kwa sababu kila asemalo linathibitisha kile ambacho msikilizaji alikwisha kukiamini. Riwaya haikubuni umbo hili. Ililichukua kutoka chumba cha mahojiano. Kwa sababu hiyo, wasomaji wengi wa Ulaya waliipokea si kama hadithi bali kama habari, na neno thug likaenea katika Kiingereza kwa maana ya mhuni yeyote katili.

Mfano mmoja unaonyesha jinsi matini huvimba zinaponakiliwa. Thagi aitwaye Behram husemwa mara kwa mara kuwa aliua watu 931, na idadi hiyo ilienezwa na kitabu cha James Sleeman, mjukuu wa Sleeman wa kwanza, mwaka 1933. Mwanahistoria Mike Dash, aliyerejea kumbukumbu za awali, ameonyesha kwamba Behram mwenyewe alisema huenda aliwanyonga watu wapatao 125 kwa mikono yake, na kuwashuhudia wengine wapatao 150 wakinyongwa. Tofauti ni kubwa mno. Watu 125 ni msiba unaotosha kumtia mtu hatiani. Haukuhitaji kuongezwa chumvi. Kilichohitaji chumvi ni fahari ya dola iliyodai kumshinda adui asiye na mfano.

Mhakiki wa fasihi ya Kiswahili hapaswi kuliona jambo hili kuwa la mbali. Baadhi ya nathari za mwanzo za Kiswahili zilizochapishwa zilipatikana kwa kuombwa na Wazungu. Wasifu wa Hamed bin Muhammed, yaani Tippu Tip, uliandikwa kwa kuhimizwa na Heinrich Brode, Mjerumani aliyeuchapisha mwanzoni mwa karne ya 20. Safari za Wasuaheli na Desturi za Wasuaheli ziliandaliwa na Carl Velten, aliyefundisha Kiswahili mjini Berlin. Hayo si maungamo ya gerezani, na waandishi wake, kama Mtoro bin Mwinyi Bakari, hawakushikiwa kitanzi. Hata hivyo, swali la msingi ni lilelile: aliyeomba habari hii alitaka kujua nini, na mwelezaji alichagua kumwambia nini na kumficha nini?

Jina linalorithiwa

Idara iliyoundwa kupambana na mathagi haikufungwa walipokwisha. Mwaka 1839 iliongezewa jukumu la kupambana na magenge ya wanyang'anyi wa kutumia nguvu, waliojulikana kama dacoit, na ilidumu hadi 1904 ilipoachia nafasi idara ya upelelezi. Mjini Jabalpur palianzishwa shule ya kazi za mikono ambapo mashahidi wa serikali na watoto wao walifuma mazulia na kushona mahema. Watoto hao hawakuwa wameua mtu. Walizuiliwa kwa hofu kwamba damu ingewarudisha njiani.

Hofu hiyo ilipata sheria kamili mwaka 1871, Sheria ya Makabila ya Wahalifu ilipopitishwa. Serikali ilipewa uwezo wa kuitangaza jamii nzima kuwa ya wahalifu. Watu wake waliandikishwa, wakatakiwa kuripoti kwa polisi, na hawakuruhusiwa kusafiri bila kibali. Mtoto alizaliwa akiwa mshukiwa. Sheria hiyo ilifutwa nchini India kote mwaka 1952, miaka mitano baada ya uhuru, lakini jamii zilizofutwa kutoka orodha zimeendelea kubeba doa lake. Mwandishi Mahasweta Devi alikuwa miongoni mwa waliosimama hadharani kuzitetea.

Jibu la kifasihi lililo zito zaidi lilitoka ndani ya jamii hizo zenyewe. Mwaka 1987 Laxman Gaikwad, aliyezaliwa katika jamii ya Uchalya iliyowahi kuorodheshwa kuwa ya wahalifu, alichapisha tawasifu yake kwa lugha ya Kimarathi na kuipa jina hilohilo la jamii yake, Uchalya, lenye maana ya wadokozi. Mwaka uliofuata ilitunukiwa tuzo ya Sahitya Akademi, taasisi ya fasihi ya taifa la India. Gaikwad hafichi kwamba wizi ulikuwa njia ya kuishi ya jamaa zake. Anasimulia wizi huo pamoja na njaa iliyouzaa na vipigo vya polisi vilivyoufuata, na hamwambii Sahib yeyote. Tofauti kati ya Ameer Ali na Gaikwad si kwamba mmoja ana hatia na mwingine hana. Tofauti ni nani aliyeuliza swali, na ni nani aliyeshika kalamu.

Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba kampeni dhidi ya mathagi ilisimama juu ya matini tatu zilizotegemeana. Ungamo lilitoa majina, kamusi ikayafanya majina hayo kuwa jamii, na sheria ikaiadhibu jamii hiyo bila kungoja kitendo. Riwaya ikakamilisha kazi kwa kumpeleka mhusika huyo kwa wasomaji ambao hawangefika India kamwe. Hakuna hatua hata moja iliyohitaji uongo mtupu. Kila moja ilianzia kwenye ukweli wa maiti barabarani, kisha ikaupeleka ukweli huo mahali ambapo wenyewe haukufika.

Nchini Kenya somo hili lina uzito. Mau Mau iliharamishwa mwaka 1950, na wapiganaji wake wakaitwa magenge na magaidi katika lugha ya serikali ya kikoloni. Dedan Kimathi alinyongwa tarehe 18 Februari 1957 katika gereza la Kamiti, na marufuku ya jina la Mau Mau haikuondolewa hadi mwaka 2003, miaka 40 baada ya uhuru. Wanaosoma Mzalendo Kimathi darasani husoma, pamoja na mengine, ugomvi juu ya nani mwenye haki ya kumwita mwenzake mhalifu. Kimathi hakuwa thagi, na kulinganisha mapambano ya kudai ardhi na mauaji ya wasafiri wasio na hatia kungekuwa kuwakosea wote wawili. Kinacholingana ni utaratibu: kuuliza kwa nguvu, kuandika kwa niaba, na kuhukumu kwa jina.

Kiswahili kina majina mengi ya watu wa aina hii: mnyang'anyi, haramia, jambazi, gaidi. Mnyang'anyi hutokana na kitendo, kunyang'anya, na kwa hiyo hudai ushahidi wa kitendo hicho. Haramia hutokana na mzizi wa haramu na tayari hubeba hukumu ndani yake. Mwandishi, mwanahabari na mwalimu huchagua kati ya majina haya kila siku, na uchaguzi huo si wa mtindo pekee.

Wahenga walisema: mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Methali hii haisemi kwamba mnyonge hana kosa, wala haizuii adhabu. Inasema kwamba hata yule anayepelekwa kitanzini anadaiwa kitu na wanaompeleka. Msafiri aliyezikwa kichakani bila jina anadai akumbukwe. Thagi aliyemuua anadai ahukumiwe kwa alilolitenda, si kwa alivyozaliwa wala kwa maneno aliyoyatamka na wenzake. Kuyatenganisha madai hayo mawili, na kuyapa yote haki yake, ni kazi ya hakimu; lakini ni kazi ya msomaji pia, kila anapofungua ungamo lililoandikwa na mkono usio wa muungamaji.